Kidole Kwenye Pembe ya Mdomo

Harufu ya buni mbichi zinazochemka pamoja na majani ya mujaaja hunifikia shavuni kabla ya kufika puani. Nikipita karibu na nyumba inayoandaa akamwani, ile kahawa ya kutafuna ambayo kwetu mgeni hukaribishwa nayo hata kabla hajaulizwa habari za safari, shavu langu la kulia hushtuka kidogo, kama mtu aliyeitwa jina akiwa amesinzia. Ni harufu ya nyumbani kwa bibi yangu, Mabira, wilayani Kyerwa, msimu wa kuchuma kahawa. Sufuria lilikaa mafigani tangu asubuhi, na mvuke wake ulikuwa na kitu cha moshi, kitu cha majani mabichi na kitu kama ndimu. Buni zikishaiva zilianikwa juani mpaka zikawa nyeusi na ngumu. Bibi alizihifadhi kwenye kikapu kidogo chenye mfuniko, na popote alipokuwa, shambani, jikoni au kwenye mgomba akikata ndizi za jioni, ungesikia meno yake yakizimenya. Nilikuwa na miaka kumi, na nilidhani mlio ule ndio mlio wa uzee.

Lazima niseme mapema nilikuwa mtoto wa namna gani, maana bila hilo mengine hayataeleweka. Nikifagia uwanja, mistari ya ufagio isipolingana nilianza upya. Nikikosea herufi moja nilichana karatasi nzima, kisha nikalia kwa sababu nimechana karatasi. Kwenye mafundisho ya Komunyo ya Kwanza nilikariri sala kuliko wote, na watu wazima wakasema mtoto huyu ana wito. Hawakujua. Sikuwa mcha Mungu kuliko wenzangu. Niliogopa tu kukosea. Na hakuna kosa nililoliogopa kama lile alilotusimulia katekista wetu, Mzee Protasi, kila alipopata nafasi: kwamba zamani, katika kigango kingine, mtoto alipokea hostia vibaya ikaanguka sakafuni, na padri akapiga magoti mbele ya watu wote, akaiokota, akapaosha mahali pale kwa mikono yake huku kanisa zima limenyamaza. Mzee Protasi alipofika kwenye neno “limenyamaza” naye alinyamaza. Mimi nilikuwa nafunga mdomo wangu kwa nguvu, nikijizoeza.

Halafu asubuhi moja uji ukanitoka. Nilikuwa nimekaa kwenye kigoda karibu na moto, nikanywa kama siku zote, na uji ukashuka kidevuni upande wa kulia, ukadondokea gauni.

“Koku, unakunywa au unamwagilia bustani?” bibi akauliza, akicheka.

Nikataka kumjibu, lakini neno lenyewe, “bibi”, halikufunga. Ulitoka upepo tu. Bibi akaweka kikombe chake chini. Mama aliitwa kutoka shambani, akanishika kidevu, akanigeuza kwenye mwanga. Kisha akaniletea kipande cha kioo tulichokuwa nacho, nadhani kwa sababu hakujua afanye nini kingine. Upande wa kushoto nilikuwa mimi. Upande wa kulia nilikuwa nimelala. Nyusi imeshuka, jicho halifumbi, shavu limetulia kama nguo iliyolowa, na pembe ya mdomo imeteremka. Nilijaribu kutabasamu ili kurekebisha. Upande wa kushoto ukakimbilia sikioni, wa kulia ukabaki ulipokuwa.

Bibi alisema ni upepo, kwa kuwa siku iliyotangulia nilipakiwa kwenye bodaboda kwenda Songambele bila kufunikwa uso. Shangazi yangu, aliyekuwa akiishi nasi, akashusha sauti akasema kuna mtu asiyependa watoto wa wenzake wajue sala. Mama alikuwa tayari anafunga kanga yake ya safari. “Upepo au mtu,” alisema, “hospitali ni ileile.”

Tulipanda bodaboda hadi Omurushaka, mimi katikati nimezungushiwa kanga kichwa kizima, na kutoka pale tukapata gari la kutufikisha hospitali. Daktari alinitaka ninyanyue nyusi, nifumbe macho, nipulize. Akasema mshipa wa fahamu unaoendesha misuli ya uso umevimba upande mmoja, na misuli haipati tena amri. Akaandika vidonge, akampa mama dawa ya jicho na kumfundisha namna ya kulifunika ninapolala, lisikauke. “Wengi hupona,” alisema, “lakini si haraka. Wiki, pengine miezi.” Mama akashusha pumzi. Mimi nilisikia neno moja tu: wengi. Wengi si wote, na Komunyo yetu ilikuwa sikukuu ya somo wa kigango, mwisho wa kiangazi, mvua zikianza.

Chumba cha mazoezi kilikuwa mwisho wa korido. Ndani mlikuwa na benchi, magongo yaliyoegemezwa ukutani, mipira, na kioo kirefu kuliko vyote nilivyowahi kuona. Mwenye chumba alikuwa mwanamke mnene wa Muleba, ambaye wagonjwa walimwita Mama Mazoezi. Alikuwa na mzee mmoja aliyepooza, anamfundisha kumeza maji yaliyokorogwa mazito ili asipaliwe. Alipomaliza akanigeukia, akaniinamia mpaka nyuso zetu zikalingana. “Waitu, mtoto wetu, njoo tuuamshe huu uso,” alisema. “Lakini hatuupigii kelele.”

Alinikalisha mbele ya kioo, akanionyesha kitu ambacho sikukitegemea. Kazi ya kwanza ilikuwa kuushika upande mzima, ule wa kushoto, kwa kiganja, usifanye chochote. “Huu una kiherehere,” alisema. “Ukiuachia unavuta kila kitu, na mwenzake hapati nafasi.” Kisha nipeleke midomo mbele kidogo, kidogo sana, kama ninayetaka kupuliza moto halafu nikaghairi. Nipanue pua. Nivute maji kwa mrija. Niseme pa, ba, ma, taratibu, nikitazama kioo. Kila baada ya jaribio nipumzike. “Ukiona uso mzima unapigana, acha. Umeshakosea.” Mwisho akanifundisha kumeza upya, mimi niliyekuwa nameza tangu nizaliwe: nichukue tonge dogo, nilipeleke upande wenye nguvu, niinamishe kidevu kidogo, niweke kidole kwenye pembe ya mdomo iliyolegea, nifunge, nimeze. Midomo isipofunga, alisema, ulimi unasukuma bure. Nilijaribu na kipande cha ndizi. Hakikutoka nje. Nilimtazama mama kwenye kioo, naye alikuwa akitazama pembeni na kujifuta macho kwa ncha ya kanga.

Kijijini mambo hayakuwa taratibu hivyo. Njia ya kwenda shule ina kona kubwa yenye kibao, na wavulana hawakuchelewa kunipa jina lake. Sadoki, aliyekaa dawati la nyuma yangu, alikuwa akinitokea mbele akiiga lori lenye mzigo: “Piiip! Kona kali! Punguza mwendo!” Nilikuwa sina uwezo wa kujibu, maana matusi yote mazuri yana b au p ndani yake. Aliyenijibia ni Devota, rafiki yangu, mtoto wa familia iliyotoka Rwanda zamani na kulima jirani na shamba letu. “Afadhali kona,” alimwambia Sadoki, “wewe ni shimo, gari linazama.” Wote wakacheka, hata Sadoki, na kwa siku kadhaa yeye ndiye aliyeitwa Shimo. Lakini jina langu halikufutika.

Mzee Protasi alikuja nyumbani Jumapili moja baada ya ibada. Bibi akamkaribisha na akamwani, naye akatafuna buni moja baada ya nyingine. Alikuwa mtu mwema. Nasema hivi kwa sababu kwa muda nilimchukia.

“Mama Koku,” alisema hatimaye, “Yesu hana haraka. Mwakani si mbali.”

“Yesu hana haraka, Mwalimu,” mama akajibu. “Huyu mtoto ndiye anayo.”

“Nami naogopa, dada yangu. Umeona mwenyewe chakula kinavyomtoka. Siku ile, mbele ya watu, ikimtoka…”

Walikubaliana kwamba wiki ya mwisho ya mafundisho nitajaribiwa peke yangu, wenzangu wakishaondoka. Nikiweza, nitapokea. Nisipoweza, nitasubiri mwaka mzima. Nilikuwa nyuma ya mlango nikisikiliza. Wengine wangeomba. Mimi nilichukua kioo.

Kuanzia siku hiyo niliufanyia kazi uso wangu kama nilivyofagia uwanja, kwa kuanza upya kila mara. Mama Mazoezi alisema kidogo. Niliamini kidogo ni kwa ajili ya wavivu. Nilipuliza mpaka masikio yakaziba. Nilisema pa mpaka mate yakakauka. Na bibi, kwa upendo wake, akaongeza dawa ya kwetu. “Mimi natafuna tangu nikiwa msichana,” alisema akinifungulia kikapu. “Umeona shavu langu linalala?” Hoja ile haikuwa na pa kuipinga. Nikawa natembea na akamwani upande wa kulia tangu asubuhi, natafuna shuleni, natafuna nikichunga mbuzi, natafuna kwenye mafundisho mpaka Mzee Protasi akaniuliza kama nimekuwa mshenga. Mikono ilinitetemeka. Moyo ulinidunda nikiwa nimekaa. Usingizi ulinikimbia, na kwa kuwa niko macho nikaongeza mazoezi. Mama alinishangaa lakini hakunizuia; aliona juhudi, na nani anazuia juhudi?

Ndipo tukaona jicho. Nilikuwa napuliza moto wa jikoni, bibi akapiga makofi na kumaka kwa lugha ya kwetu. “Mawe! Linafumba! Jicho linafumba!” Kweli, kila nilipopeleka midomo mbele, jicho la kulia lilijifunga lenyewe. Shangazi akaitwa, akaona, akamshukuru Mungu kwa sauti. Tuliporudi hospitali nilikuwa nimebeba habari hiyo kama zawadi.

Mama Mazoezi aliniinamia kama siku zote, kisha akanusa. “Huyu mtoto ananuka kama mzee wa kikao cha mahari,” alisema, na mama akacheka kwa aibu. Lakini nilipopuliza mbele yake, na jicho likafumba, yeye hakucheka.

“Nani alikutuma kufanya sana?”

“Hakuna.”

“Nilisemaje?”

“Kidogo.”

Alivuta kigoda akakaa. Hakunigombeza, na ningependa angenigombeza. Alisema mshipa ulioumia ukianza kurudi hutafuta njia yake polepole, na ukikimbizwa unaingia nyumba isiyo yake. Jicho langu lilikuwa limejifunza kazi ya mdomo. Nikauliza kama litasahau. Akasema litapungua, lakini pengine halitasahau lote. Kisha akanipa zoezi jipya, ambalo mpaka leo ndilo gumu kuliko yote niliyowahi kupewa na mtu yeyote: kupasha viganja moto kwa kuvisugua, kuvilaza usoni, na kutofanya kitu. Kuuacha uso ulale mikononi. Baada ya hapo, pa moja tu, ndogo kiasi cha kutoonekana, jicho likiwa wazi.

Sijui kama ninaweza kueleza ilivyokuwa vigumu. Kukaa kivulini ukutani, uso mikononi, wakati wenzangu wanakariri, na kuamini kwamba kukaa huko ndiko kufanya kazi. Nilihesabu kasoro zangu. Nilisikia mahindi yakipukuchuliwa ndani, nikatamani kwenda kusaidia ili nisiwe na uso kwa muda. Bibi alinihurumia kuliko alivyojihurumia mwenyewe. Alificha kikapu cha akamwani mahali nisipopajua, akanikatia oruseke, mwanzi mwembamba ambao wazee hunywea pombe ya ndizi kwenye kibuyu, akanijazia kikombe cha juisi ya ndizi isiyochachuka. “Vuta kama mkwe anayeangaliwa,” alisema. Nilivuta hivyo, kwa adabu, funda moja moja, na siku baada ya siku juisi iliyodondoka ilipungua. Nikaanza kusema “bibi” ikasikika bibi. Yeye alijifanya hakusikia, akaniacha nirudie.

Siku ya kujaribiwa Mzee Protasi aliwaruhusu wenzangu, akafunga mlango wa kanisa. Tulibaki yeye, mama na mimi. Alikuwa na hostia zisizobarikiwa, amezifunga kwenye karatasi. Akasimama nilipotarajiwa kusimama mbele ya padri, akainua moja. “Mwili wa Kristo.” Nikasema Amina, nikafungua kinywa, na kwa hofu nikasahau kila kitu. Nilifunga midomo kwa haraka, upande wa kushoto ukavuta, hostia ikanata kwenye mdomo uliolegea, ikaanguka. Aliidaka kiganjani. Sote watatu tukakitazama kile kiganja. Kanisa lilikuwa limenyamaza, sawasawa na alivyokuwa akisimulia.

Mama alisugua viganja vyake, akanilaza uso ndani yake pale pale, mbele ya altare, kama nilivyozoea mwenyewe ukutani nyumbani. Nilisikia harufu ya vitunguu na sabuni. Sikufanya kitu. Nilipoinua uso nikasema, “Mwalimu, naomba tena.” Safari hii nilipokea, nikainamisha kidevu, nikaweka kidole kwenye pembe ya mdomo, nikafunga, nikameza.

“Hicho kidole ni cha nini?” akauliza.

“Kinashikilia mlango, Mwalimu.”

Alinitaka nirudie, nikarudia. Alikunja karatasi yake polepole. “Utatangulia mstari,” alisema. Kwa mama alieleza nje, nami nikasikia: nikiwa wa kwanza, yeye atasimama ubavuni mwangu, na mtumishi mwenye kisahani cha kukingia hostia atakuwa bado yuko makini. Haikuwa heshima. Ilikuwa tahadhari. Lakini wenzangu hawakuyasikia hayo. Walijua tu kwamba anayetangulia ni yule anayejua zaidi.

Siku ya sikukuu mvua ilikuwa imenyesha asubuhi, na tuliingia kanisani na tope kwenye viatu vyeupe. Nilipokea wa kwanza. Kidevu, kidole, midomo, nikameza. Nilikaa palepale nikisubiri kitu kianguke, na hakikuanguka kitu. Nikasogea pembeni. Nilipogeuka nikamwona Devota nyuma yangu, ameinamisha kidevu na kuweka kidole kwenye pembe ya kulia ya mdomo wake mzima kabisa, amefumba macho kwa ibada. Nyuma yake msichana mwingine akafanya hivyo hivyo. Kisha mwingine. Sadoki naye, aliyekuwa Shimo, akaweka kidole kwa uangalifu, akihofia kukosea. Mstari mzima. Mzee Protasi alikuwa amesimama karibu yangu, na niliona ndevu zake zikitikisika, sikujua kwa kicheko au kwa kingine. Baada ya misa padri alimpongeza kwa kuwafundisha watoto kupokea kwa heshima. Mzee akasema asante, Baba.

Sasa ninaishi Omurushaka, na kazi yangu ni mdomo. Ninarekodi matangazo ya wenye maduka, nyumba za wageni na wanunuzi wa mazao, yale yanayopigwa kwenye spika za magari siku za mnada. Hakuna aliyenifundisha, nilijifunza kwa simu, nikiwa nimejifunika blanketi ili mlio wa bodaboda usiingie. Jicho halikusahau lote, na pembe ya mdomo bado hulegea kidogo ninapomeza. Nikisema “punguzo” au “bei poa” linafumba, na wateja wengine hudhani nawakonyeza. Tangazo moja nalirudia mpaka jirani anagonga ukuta, nafuta, narudia tena, kisha nakumbuka, nasugua viganja, nalaza uso. Juzi mtoto wa jirani alipata shida kama yangu, na kabla hajafika hospitali simu ya mama yake ilikuwa imejaa video za mazoezi kutoka kwa ndugu wa kila mahali: vuta, kaza, ongeza. Sisi tulikuwa na kipande cha kioo, na mwanamke mmoja wa kusema kidogo. Nilimwambia mama yule alichoniambia Mama Mazoezi, na nikaona usoni mwake kwamba ameniona mvivu.

Mwaka huu nilirudi Mabira kwa sikukuu ya kigango. Bibi na Mzee Protasi wote wametangulia mbele ya haki. Kanisa lina vigae. Mlangoni nilimkuta Devota, ambaye ndiye anayefundisha watoto siku hizi, akiwapanga waliovaa nyeupe. “Mikono? Kidevu? Na kidole je, nani amesahau kidole?” Wote wakainua vidole. Nilimshika bega nikamuuliza kidole kile alikitoa wapi.

“Kwako!” alisema, akinishangaa. “Si Mwalimu alikufundisha wewe kwanza, ili sisi tukuige?”

Nilifungua mdomo kumsahihisha. Yule mtoto wa ufagio bado yumo ndani yangu, na hapendi kitu kikae vibaya. Lakini kwaya ilikuwa imeanza, na watoto walikuwa wananitazama kwa wasiwasi, kama kwamba huenda kuna kitu wamekosea. Nikamwambia Devota wamependeza.

Walipokea mmoja mmoja, kidevu chini, kidole kwenye pembe ya kulia. Watu wazima tukafuata. Padri akasema Mwili wa Kristo, nikasema Amina, na jicho langu likafumba kidogo penye m, kama kawaida yake. Nikasogea pembeni nikainua kidole. Katika mstari ule wote ni mimi peke yangu niliyekihitaji, na hakuna aliyenitazama.